Mpaka Kirudi Kizima

Bi Malak alikuwa na buibui moja la kutokea, la Dubai, jeusi tititi. Siku alipolikuta na doa jeupe begani, kama kinyesi cha njiwa, ndiyo siku aliyojua kwamba roketi imeshaingia nyumbani kwake na haitoki.

Hakuwa na haja ya kuchunguza sana. Ukutani, kwenye msumari uleule, mumewe Hussam alikuwa ametundika jaketi lake la kazi juu ya buibui, na jaketi lilikuwa bado bichi.

"Ni dawa tu," Hussam alisema.

"Dawa gani inayobabua nguo?"

"Peroksaidi. Ndiyo hiihii wanayopaka watu nywele, ila yetu kali zaidi. Ndiyo inayosukuma mtambo."

"Wanaopaka nywele wanapaka za kwao, Baba Miska. Hawaji kupaka buibui langu."

Hussam alicheka, akaenda zake kulala. Hilo nalo lilikuwa jambo: mtu huyu hakuwahi kugombana. Ungemrushia neno kama jiwe, akalipokea kwa mikono miwili, akaliweka chini taratibu, akaendelea na alilokuwa akilifanya.

Alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma. Aliingia London kijana, miaka ile Wazanzibari walipokuwa wakiingia mmoja mmoja na sanduku moja moja, na tangu hapo alichomelea kila kilichoweza kushika moto: mabasi, vitanda vya hospitali, milango ya maduka ya Walthamstow. Katikati ya miaka ya tisini akakutana na Balbir, Singasinga aliyezaliwa Nairobi, mhandisi aliyeacha kazi nzuri yenye pensheni akapanga karakana kandokando ya mfereji wa Lea ili ajenge roketi. Si fataki za sikukuu. Roketi ya kwenda kuizunguka dunia, kisha irudi, itie mafuta, iende tena.

Wakati huo hawakuwa peke yao. Marekani na kwingineko makampuni ya watu binafsi yalikuwa yakichipuka kama uyoga, maana kila mtu alisema simu za setilaiti zinakuja na setilaiti zitahitaji wa kuzipandisha. Balbir alikuja nyumbani kumweleza Bi Malak mwenyewe, akakaa kwenye kochi magoti yakiwa juu, akazungumza Kiswahili chake cha Nairobi.

"Mama Miska, hawa watu wa serikali wanarusha roketi mara moja, wanatupa yote baharini. Ni kama wewe unapika pilau, watu wanakula, halafu unatupa sufuria na jiko."

"Na wewe unataka sufuria irudi kabatini peke yake?"

"Ndiyo, mama."

"Na ijioshe?"

"Hiyo ni ya mwaka ujao," alisema Balbir, na wote wakacheka, na Bi Malak akamwongeza mahamri. Baadaye alikuja kujuta yale mahamri.

Kwani tangu siku ile Hussam alikuwa wa karakana. Dawa ile haikubali uchafu. Chembe ya vumbi ndani ya bomba, ikachemka yenyewe ikapasua kila kitu. Kwa hiyo Hussam, ambaye nyumbani hajapata kuosha kikombe chake cha chai, alishinda kutwa akiosha mabomba, akiyasuuza, akiyakausha, akiyachungulia kwa tochi. Bi Malak aliyajua haya kwa sababu Hussam mwenyewe alimsimulia, kwa furaha, huku kikombe kichafu kikiwa mbele yake.

Yote haya angeyavumilia. Lisilovumilika lilikuwa jambo moja, nalo lilizaliwa Jumapili moja mchana, mbele ya wageni.

Walikuwa wamekuja jamaa wa kwao, watu wa makamo waliozoea kukutana kwa kahawa na kuitengeneza Zanzibar upya kila wiki. Mmoja wao, Nizar, ulimi wake ulikuwa na chumvi nyingi. Mazungumzo yalikuwa ya hija, maana Hussam na Bi Malak walikwisha nuia kwenda mwaka ule. Pasipoti zilikuwa tayari, na Miska, binti yao wa pekee, angelala kwa jirani.

"Nendeni salama," Nizar alisema. "Lakini Hussam, hilo kombora lako nani atalichunga? Lisije likatua juu ya paa la msikiti Lea Bridge Road."

Watu wakacheka.

"Litatua panapotakiwa," Hussam alisema.

"Litatua! Mzee, kitu kikienda juu na moto kinarudi vipande. Utakwenda Makka, utarudi, utakuta unachomelea masufuria."

Wakacheka tena, na safari hii walicheka kupita kiasi. Bi Malak alikuwa mlangoni na sinia la visheti. Alimwona mumewe akiweka kikombe chini, na mtu asiyegombana, mtu wa kupokea maneno kwa mikono miwili, akasimama.

"Wallahi," alisema, "sitoki nchi hii kwenda popote, si Unguja wala si Makka, mpaka chombo kile kipae na kirudi chini kizima!"

Kicheko kikakatika. Nizar mwenyewe akasema, "Astaghafiru, Hussam, mie natania tu." Bi Malak alibaki na sinia mkononi, hajui aliweke wapi.

Wangekuwa watu wengine, neno lile lingekuwa mvuke wa chai. Lakini Hussam hakuvunja viapo. Alipokuwa mtoto Unguja, mtu mmoja aliapa kwa Msahafu kumficha mjomba wake. Asubuhi yake mtu huyohuyo aliwafungulia mlango waliokuja kumchukua, na mjomba hakuonekana tena. Tangu hapo Hussam alikuwa na dini yake ndogo ndani ya dini: kilichotamkwa kimetamkwa. Bi Malak aliolewa naye kwa ajili hiyo. Wanaume wa maneno matamu aliwaona wengi, na wa neno moja alimwona huyu. Sasa neno lile moja likasimama mbele yake kama ukuta.

"Kiapo cha kuzuia fardhi hakikai," alimwambia usiku ule. "Nenda kwa Maalim Msabaha, ukifungue, uishe."

"Sitaki mtu wa kunifungulia mlango," Hussam alisema. "Subiri. Kitaruka mwaka huu."

Hakikuruka mwaka ule. Bi Malak hakuwa na kaka Uingereza, hana mtoto wa kiume, wala baba hai; maharimu wake, mwanamume wa kumsindikiza Hija, alikuwa mtu huyu mmoja aliyejifunga kamba. Hija ikaja, Hija ikapita. Wenzake waliondoka wakarudi na zamzam na tende, wakamletea fungu lake, akashukuru, akaufunga mlango, akazila tende zile kwa hasira, hata kokwa karibu azimeze.

Ukaingia mwaka mwingine: vali inavuja. Mwingine tena: bima ya majaribio imekataliwa. Kisha uwanja wa zamani wa ndege waliouazima umekutwa na ndege adimu wanaotaga, na kwa sheria ndege wale walikuwa na haki kuliko Bi Malak. Kila Hussam alipoleta habari aliileta kwa uso uleule mtulivu, na Bi Malak alihisi goti lake la kulia likiitika kabla ya kinywa chake, maana goti nalo lilikwisha anza. Alikuwa akifanya kazi ya kutunza wazee, kuwainua na kuwalaza, na kila mzee aliyemwinua alimwachia uzito kidogo ndani ya goti.

"Huyo mzee wako anangoja nini hasa?" aliuliza Zipporah, mwenzake wa kazini, Mkenya aliyekuwa akitokea Peckham kwa mabasi mawili.

"Anangoja kitu kipae juu, kishuke."

"Si hata lifti inafanya hivyo?"

Hatimaye, mwishoni mwa miaka ya tisini, kilipanda. Haikuwa roketi yenyewe ya kuizunguka dunia. Ilikuwa ndogo, ya kujifunzia, kimo cha mtu na nusu, miguu minne imetanuliwa kama buibui mdudu. Kazi yake ilikuwa moja: kujiinua kwa moto wake, kukaa hewani, na kutua wima. Balbir alisema anayeweza hilo dogo ataweza na kubwa. Na Hussam, Bi Malak alipombana, alikiri kwamba kiapo chake kilitaja chombo kile, na chombo kile ndicho hiki.

Basi Bi Malak akaenda. Aliacha kazi siku ile, akapanda gari la karakana pamoja na mitungi na nyaya, akasafiri hadi uwanda mmoja wa mashariki ya Uingereza, akasimama nyuma ya magunia ya mchanga na chupa ya chai kwapani. Kamwe hakuwahi kuombea kitu kama alivyokiombea kile kidude. Alikisomea kila alichokijua.

Kilinguruma, kikatoa mvuke mweupe, kikajinyanyua. Kikapanda hadi kimo cha nyumba ya ghorofa, kikasimama hewani kikitetemeka, kama mtoto anayejaribu kusimama bila kushikwa. Kisha kikaanza kushuka, pole, pole zaidi, kikagusa. Mguu mmoja ukatumbukia kidogo, chombo kikainama upande, kikayumba, kikakaa.

Balbir alipiga yowe akamrukia mtu wa kwanza aliyemwona. Bi Malak alikuwa analia. Moyoni alikwisha panga nguo, alikwisha mpigia ajenti wa safari za Hija.

Hussam alitembea hadi kilipo, akachuchumaa, akakaa pale muda. Aliporudi, mkewe alikuwa na kikombe cha chai tayari.

"Mguu umepinda," alisema.

"Uacheni upinde! Kimerudi!"

"Nilisema kizima."

"Hussam." Hakuwa akimwita jina mbele za watu. "Kimepanda, kimeshuka, kimesimama. Mguu mmoja tu!"

"Mtu akirudi na mguu uliovunjika, utasema karudi mzima?"

"Ndiyo! Nitasema alhamdulillahi karudi mzima, n'takwenda kumtafutia bandeji!"

Balbir alisogea. "Fundi, wacha basi. Mimi ndiyo mwenye roketi, nasema ni mzima."

"Wewe hukuapa," Hussam alisema, akanywa chai yake.

Njia nzima ya kurudi London Bi Malak alihesabu minara ya umeme ili asihesabu makosa ya mtu aliyeketi kando yake.

Baada ya hapo mambo yakaporomoka. Makampuni ya simu za setilaiti yalifilisika, na kila aliyekuwa akijenga roketi ya kuzibeba akajikuta amejenga punda kwa mzigo usiokuwepo. Waliokuwa wakimpa Balbir fedha wakaacha kupokea simu. Siku aliyokuja kuaga alikaa kwenye kochi lilelile, na mara hii hakuna aliyetaja sufuria. Karakana, alisema, itakuwa ghala la magodoro. Yeye atatafuta kazi ya kufundisha.

"Basi imekwisha," alisema Bi Malak, na alimwonea huruma kweli, lakini chini ya huruma kulikuwa na kitu kingine kikiinuka, kitu chepesi. "Kisichoruka tena hakiwezi kurudi. Na kiapo nacho kimekwisha."

Hussam na Balbir wakatazamana.

"Mama," Balbir alisema, "fundi ameniomba kile kidogo. Nimempa."

Kililetwa kwa lori. Kikapitishwa ubavuni mwa nyumba, kikang'oa nusu ya mawaridi ya jirani, kikasimamishwa kwenye kibustani cha nyuma, kimefunikwa turubai la bluu. Hussam angetengeneza mguu. Akishatengeneza atatafuta uwanja, na akishapata uwanja atatafuta dawa, ijapokuwa hakuna atakayemuuzia mtu binafsi, wa Walthamstow, mwenye roketi nyuma ya nyumba, lita hata moja ya dawa ile. Bi Malak alimweleza hivyo. Miska, aliyekwisha kuwa mwanamwali, alimweleza hivyohivyo kwa Kiingereza, kwa maneno makali zaidi. Hussam alipokea yote kwa mikono miwili. Jioni alitoka na tochi.

Bi Malak akafunga kamba ya kuanikia kutoka kwenye mguu mmoja wa roketi hadi dirisha la jikoni. Kama kitu kitaishi hapa, alisema, kitafanya kazi.

Asubuhi moja ya baridi alianguka sokoni, mbele ya meza ya mihogo. Goti lilikataa tu. Watu walimwinua, wakamkalisha juu ya kreti. Daktari alisema mambo ya upasuaji, na kungoja, na kwamba asitarajie kutembea mwendo mrefu. Alipotoka huko hakwenda nyumbani. Alikwenda kwa Maalim Msabaha, aliyesomesha watoto katika chumba cha juu ya duka la mazulia, akamweleza yote tangu sinia la visheti.

Maalim alisikiliza, kisha akashika kichwa. "Miaka yote hiyo? Kiapo kile angekivunja kesho yake, akatoa kafara, akaenda kuhiji. Si dhambi kukivunja. Dhambi ni kukishikilia."

"Basi niambie kafara nitoe."

"Huwezi, Bi Malak. Aliyeapa ndiye anayefungua. Mlete."

"Haletwi huyo."

Alirudi kwa mwendo wa kuburura. Hussam alikuwa bustanini, amechuchumaa chini ya turubai. Mkewe akasimama mbele yake, kashika kamba ya nguo ili asianguke.

"Yule aliyemwapia mjomba wako," alisema, "alivunja kiapo akamdhuru mtu. Sivyo?"

Hussam aliinua uso. Jambo hilo halikutajwa nyumbani.

"Wewe umeshika kiapo, na unamdhuru mtu. Mie ndiye ninayedhurika, Hussam, na nilipo mimi sioni tofauti."

Safari hii hakupokea kwa mikono miwili. Lilimpiga. Tochi ilibaki ikiwaka mkononi ingawa ulikuwa mchana. Bi Malak aliingia ndani, akaketi jikoni na hasira zake, na chini ya hasira hofu kwamba amesema kisichosemeka.

Ijumaa Hussam alikwenda kwa Maalim. Mkewe alikwenda naye, asije akapotea njia.

"Masikini kumi," Maalim alisema. "Mpe kila mmoja kibaba cha mchele. Na ukipenda kuwapikia juu yake, ni wema."

"Atawapikia," alisema Bi Malak.

"Nitawapikia?" Hussam alisema.

"Kiapo chako. Chungu chako."

Kuwapata ndiyo ilikuwa kazi. London imejaa masikini, lakini hakuna anayekubali kuitwa hivyo. Jirani mmoja mwenye shida, Hussam alipombishia hodi kwa adabu zote, alimfungia mlango. Ni Zipporah aliyewaokoa. Alifanya zamu za wikendi katika hosteli ya wakimbizi karibu na kwake Peckham, na humo, alisema, Waislamu wako tele, hawana kitu na hawaoni haya.

Hussam alipika pilau kwa mara ya kwanza maishani. Bi Malak alikaa kitini, mguu juu ya kiti kingine, mikono kifuani. Alimwona akitia bizari kwa kijiko cha supu, hakusema. Alimwona akiongeza maji, akiongeza tena, akiligeuza pilau kuwa uji wenye nyama, naye Bi Malak akauma ulimi. Alipofunua chungu kwa mara ya ishirini, ndipo uvumilivu ukamwisha.

"Liache lipumue! Hata bomba lako hulichungulii hivyo!"

"Hulichungulia zaidi," alisema Hussam kwa unyonge.

Hostelini walikuwepo Wasomali, Wakurdi, Mualjeria mmoja, na mzee wa Barawa, pwani ya Somalia, aliyejua Kiswahili. Walipewa mchele wao, wakaketi, wakala. Mzee wa Barawa alitafuna kwa makini, kama anayesoma hukumu.

"Nani kapika?"

"Mimi," Hussam alisema.

"Mkeo yupo?"

"Huyo hapo."

"Na bado ukapika wewe?" Mzee akamtazama Bi Malak kwa masikitiko. Ikabidi aelezwe: kiapo, chombo, mguu uliopinda, kafara. Alisikiliza kijiko kikiwa hewani, akawatafsiria Wasomali, nao wakaanza kucheka wakigongana mabega.

"Yaani kingerudi kizima," mzee alisema, "sisi leo tusingekula?"

"Msingekula."

"Basi Mungu aubariki mguu ule." Akasukuma sahani. "Niongeze, hata kama ni uji."

Bi Malak alicheka hadi akashika mbavu. Kisha akamtazama mumewe akienda na upawa kutoka sahani hadi sahani, ameinama, uso umemshuka kama wa mtu aliyeuza kitu cha marehemu wake, na kicheko kikampungukia. Alijua kilichomtoka. Hakujuta, lakini alijua.

Waliondoka na msafara wa Hija iliyofuata, mwezi wa pili, theluji chafu ikiwa bado imelala pembeni mwa njia za Walthamstow.

Huko Makka goti halikuweza. Kwenye tawafu, kuizunguka Kaaba, alijikokota, lakini kwenye kusai, ule mwendo kati ya vilima vya Safaa na Marwa, alisimama mwanzo kabisa, hawezi. Hussam akaenda, akarudi na kiti cha magurudumu na vijana wawili wa kukisukuma waliokuwa wakimfuata nyuma wakilalamika.

"Waachie wasukume," Bi Malak alisema. "Ndiyo kazi yao."

"Nasukuma mimi."

"Una miaka hamsini na ushei, Baba Miska. Mara saba."

"Najua ni mara saba."

Akaketi. Kiti kiliondoka kwa kishindo, kikampita bibi mmoja wa Kituruki kwa unywele, kikaparamia kisigino cha Mmisri aliyegeuka na kuwalaani kwa Kiarabu safi.

"Taratibu! Utaua watu ndani ya Haram!"

"Samahani," Hussam alimwambia Mmisri, akamwambia na bibi wa Kituruki, akawaambia na waliokuwa mbele ambao hajawagonga bado.

Walipofika Marwa mara ya kwanza alikuwa anatweta. Bi Malak aligeuka kumtazama. Alitaka kumwambia kwamba angeweza kufanya haya miaka ile yote, wote wawili wakiwa na miguu yao, bega kwa bega, bila kumkanyaga Mmisri. Maneno yalikuwa tayari, yamejipanga, yamenolewa. Jasho lilikuwa likimtiririka Hussam hadi ndevuni, na midomo yake ilikuwa ikisema dua, na mikono haikuachia kiti.

"Funga hiyo ihramu yako vizuri," alimwambia, "inashuka."

Hussam akaifunga kwa mkono mmoja. Wakageuka kuelekea Safaa.